Kijiko Upande wa Kushoto

Hinda Grinfeld si shangazi yangu wa damu. Tulishuka meli moja hapa Melbourne, yeye hana mtu, mimi sina mtu. Akaniambia, "Shika kikapu hiki," nikakishika, na tangu siku hiyo namwita shangazi. Tumepanga chumba cha nyuma kwa Mama Faiga Zuker, mtaa wa Carlton. Shangazi anashona vifungo kwenye kiwanda cha sweta, mimi nazikunja sweta hizo hizo. Shule nilisoma kidogo kabla ya vita na kidogo kwenye kambi ya wakimbizi, basi. Ila macho ninayo, na naandika haya kwa sababu hapa mtaani wanamwita shangazi mjinga.

Mumewe alikuwa Zelig, fundi viatu wa mji wa Zabolin, kule Poland. Wajerumani walimchukua na hakurudi. Lakini hakuna aliyemwona akifa, na kwetu Wayahudi mwanamke wa namna hiyo hahesabiwi mjane. Tunamwita aguna, aliyetiwa nanga. Haruhusiwi kuolewa mpaka mtu asimame mbele ya marabi aseme, nilimwona kwa macho yangu, amekufa. Akiolewa bila hivyo, halafu siku moja mume akabisha hodi, watoto aliozaa huku nyuma ni haramu, na watoto wao pia, na wa hao pia.

Na mtu wa kumwoa alikuwepo. Bwana Kornblit anapiga pasi kiwandani kwetu. Mke wake na mabinti zake walibaki kule kwenye majivu ya kambi za Wajerumani. Kila Ijumaa jioni alikuja kula kwetu, na mkononi ana mayai yamefungwa kwenye gazeti.

"Hinda!" Mama Faiga alikuwa akipiga kelele kutoka mlangoni. "Kuku wako kaja!"

"Mama Faiga, mbona unanidhalilisha?" Bwana Kornblit alimjibu.

"Nakusifu, bwana. Wenzako wanaleta maua. Maua utayakaanga?"

Shangazi alipandisha mabega kana kwamba hajasikia, masikio yamemwiva kwa haya. Aliandaa meza, mkate wa Sabato chini ya kitambaa, supu, na kila Ijumaa aliweka kijiko cha Bwana Kornblit upande wa kushoto wa sahani. Kila Ijumaa Bwana Kornblit alikichukua taratibu, akakihamishia kulia, akala. Shangazi hakuona. Mimi niliona, na nilijua sababu, maana alishanisimulia kwamba Zelig wake alitumia mkono wa kushoto.

Wakati ndio ulikuwa unamtesa. Anakaribia miaka arobaini. "Bado naona siku zangu, Rayzele," aliniambia tukifua, "lakini zinakuja zinavyotaka zenyewe. Nikichelewa zaidi nitaolewa niwe mpishi tu." Alitaka mtoto. Walikufa wote wa kwao, na alitaka awepo mmoja wa kumpa jina la mama yake.

Basi Bwana Kornblit akawa anamtafuta marehemu. Sijui niseme vipi vinginevyo. Kila meli ikitia nanga alikwenda bandarini na kofia yake, akawauliza wageni, "Kuna anayemjua Zelig Grinfeld, fundi viatu wa Zabolin?" Sinagogi aliuliza, kwa kinyozi aliuliza. Watu walimcheka, wakasema hawajapata kuona bwana harusi anayemtafuta mume wa bibi harusi.

Majira haya ya baridi akampata mtu. Perelmuter, mwokaji mikate, mwenyeji wa Lodz, mji mwingine kule kule Poland, mgeni kabisa hapa. Bwana Kornblit alikuja mbio kichwa wazi, kofia kaiacha huko huko kwenye duka la mikate.

"Amemzika! Hinda, amemzika kwa mikono yake!"

"Zelig?"

"Zelig Grinfeld. Fundi viatu."

"Wa Zabolin?"

"Wa Zabolin, wa Zabolin!"

Mama Faiga alianza kulia na kucheka pamoja. Shangazi aliketi kwenye ndoo iliyofunikwa. Mama Faiga na Bwana Kornblit walipotoka ndipo akaniambia, akiitazama sakafu, "Walikuwa wawili."

Sisi humpa mtoto jina la mtu aliyekufa. Babu Zelig Grinfeld alipokufa aliacha wana wawili, na kila mmoja akamlilia baba yake, na kila mmoja akamwita kifungua mimba wake Zelig. Wajukuu wawili, jina moja, ukoo mmoja, tena mafundi viatu wote, kwenye benchi moja la babu yao. Wa shangazi alipigilia misumari kwa kushoto, binamu yake kwa kulia, viwiko havikugongana hata mara moja. Pale Zabolin waliitwa Zelig Kushoto na Zelig Kulia. Mtu wa Lodz angejuaje hayo?

"Lakini yule mwingine alichukuliwa jeshini vita vilipoanza," shangazi alisema. "Alifia huko. Walisema alifia huko."

"Walisema nani, shangazi?"

Aliinuka akaenda kuanua nguo ambazo zilikuwa bado mbichi.

Siku ya kwenda kwa marabi, Mama Faiga alimfunga skafu mwenyewe. "Ukiulizwa, jibu fupi," alimwambia. "Ndiyo, hapana. Wanawake hawafungwi na sheria, wanafungwa na mdomo wao."

Marabi watatu walikuwa katika chumba cha nyuma cha sinagogi, na jiko la mafuta ya taa linanuka. Shangazi hakutaka kuingia peke yake, nikakaa naye. Bwana Kornblit alibaki nje. Kivuli cha kofia yake kilionekana kwenye kioo cha mlango, hakisogei. Rabi mkubwa alikuwa mzee mpole. Alisema, "Binti yangu, tumekaa hapa kukufungua, si kukufunga. Usituogope."

Alimuuliza kama pale mjini palikuwa na mwingine wa jina hilo. Shangazi akasema palikuwa naye, binamu. Marabi wakatazamana. Wakamuuliza Perelmuter, aliyekuwa ameketi kando ya jiko, sura ya marehemu.

"Sura?" Perelmuter alisema. "Mheshimiwa Rabi, kule kambini sote tulikuwa na sura moja."

"Hakuna alama? Jambo lolote alilokuwa akifanya?"

Yule mtu akafikiri, kisha uso ukamchangamka, maana alitaka kweli kusaidia. "Lipo! Visanduku vya sala vya kufunga mkononi hatukuwa navyo, lakini yeye alificha kamba. Kila asubuhi aliizungusha mkononi kama kanda za ngozi, akasali. Hivi." Akapandisha mkono wa shati, akaanza kuzungusha kamba isiyokuwepo. Kwenye mkono wa kushoto.

Mwanamume wetu akisali asubuhi hufunga kanda za visanduku hivyo kwenye mkono ule dhaifu. Anayetumia kulia hufunga kushoto. Anayetumia kushoto hufunga kulia. Hata mtoto analijua hili.

"Una hakika ni mkono huo?" Rabi aliuliza.

"Nililala ubavuni kwake. Kiwiko hiki hiki kilikuwa puani kwangu."

Rabi alimgeukia shangazi. Aliuliza kwa sauti ya chini, na nafikiri alikuwa anamwombea jibu. "Na mumeo, mama, alifunga mkono upi?"

Neno moja tu lingemfungua. Hakuna mtu wa Zabolin Melbourne nzima. Aliyejua ni mimi tu, na mimi sisemi. Shangazi aliutazama mkono wa Perelmuter, bado kaunyoosha, anatabasamu. Aliitazama ile kofia kwenye kioo.

"Kulia," alisema.

Perelmuter aliushusha mkono. Rabi alifunika macho yake kwa kiganja, akasema tungoje, Mungu ataleta shahidi mwingine.

Kwenye tramu shangazi alishika nguzo ingawa viti vilikuwepo.

"Ungesema kushoto," nilimwambia. "Nani angejua?"

"Ningejua mimi. Kila nikimnyonyesha mtoto." Kisha akainama kwangu watu wasisikie. "Rayzele, nimeambiwa mume wangu huenda yu hai, na mimi nalia. Ni mwanamke gani huyo?"

 

Ijumaa Bwana Kornblit alikuja na mayai yake. Mama Faiga alimfungulia bila kumwita kuku. Shangazi akamimina supu, akaweka kijiko, kushoto. Nilingoja kukiona kikihama.

Hakukihamisha. Alikishika pale pale kilipo, kwa mkono wa kushoto, akaanza kula. Mkono haukuzoea, supu ikamwagika ndevuni, ikamwagika kwenye kitambaa cheupe cha Sabato. Akala mpaka sahani ikaisha. Hapo ndipo shangazi alipoona. Alitazama kile kijiko, akatazama upande wa sahani, upande wa Zelig wake, akafunika mdomo wake.

"Hinda, kaa salama," Bwana Kornblit alisema, akatafuta kofia.

Jumatatu meza yake ya pasi ilikuwa na mtu mwingine. Wanasema yuko Sydney. Kitambaa tumekifua, na shangazi siku hizi akitandika meza ananiita mimi niweke vijiko.