Kitabu Nilichokitupa Mezani

Biashara yangu ilikuwa suruali za jinzi za viwanda vya Xintang, huku China, si vitabu. Lakini mzee mmoja Mfaransa alinisikia nikibishana kwa Kifaransa na Kichina kwenye mgahawa wa mtaa wa Dengfeng, akaja kuniomba nimsaidie kuongea na mwenye kiwanda cha uchapaji. Nilikubali kwa majivuno. Bei gani ya Guangzhou ingenishinda mimi, mwanamke wa Bukavu?

Ndani ya basi alinisimulia maisha yake. Alikuwa mchapishaji huko Paris, wa mashairi na riwaya ambazo wenzake walizikataa. Vitabu vingi vilimdodea. Mwishowe kampuni yake ikanunuliwa na kampuni kubwa, naye akaambiwa apumzike. Sasa alitaka kutoa kitabu kimoja cha mwisho kwa fedha zake, kishonwe kwa uzi kama vya zamani, na kwao gharama zilikuwa zimemshinda. Nilimwitikia "oui, papa", ndiyo baba, huku nikiwaza kontena langu.

Kiwandani, laoban, yaani bosi, alitaja bei. Mezani palikuwa na kitabu chembamba, nami nikafanya tunavyofanya kwa jinzi: mali ya laoban huisifii, unaiponda mpaka aone haya. Nikakikunja, nikauvuta uzi wake ukakatika, nikakitupa.

"Tai gui! Ghali mno!" Kisha nikamgeukia mzee kwa Kifaransa, ili mchezo ukolee: "Takataka hii, papa! Hata maandazi sifungii."

Laoban alikuwa akimtazama mzee, ambaye alikuwa ameinama kukiokota.

Kitabu kilikuwa cha mzee. Alikileta na kukiweka mezani kiwe mfano wa kuigwa.

"Ndicho cha kwanza nilichochapisha," alisema taratibu. "Marehemu mke wangu alikishona mwenyewe, jikoni kwetu."

Uso uliniwaka. Nilitamani ardhi ipasuke inimeze. Niliomba radhi kwa Kifaransa chote nilichofundishwa na masista, na kila neno likazidi kuniumbua. Yeye alikuwa akinyoosha kurasa kwa kiganja, wala hakunigombeza. Heri angenigombeza.

Laoban akashusha bei. Nadhani alimhurumia. Siku nyingine ningepiga vigelegele.

Mzee akatikisa kichwa. "Mwambie nitalipa ile ya kwanza. Ila kishonwe kama alivyoshona yeye."

Ikabidi nitafsiri mimi, kwa Kichina changu cha sokoni, na ule uzi niliouchomoa ungali umenizunguka kidoleni.