Ukurasa Nilioutunga kwa Ajili ya Onesmo

Maganda ya maharage yaliyokauka yana harufu yake, kavu na chungu kidogo, inayokwaruza koo kabla hujajua kwamba umeivuta. Mwezi wa sita kijijini kwetu Mishamo, harufu hiyo ilijaa kila ua. Watu walitandaza maturubai, wakamwaga mavuno, wakayapiga kwa fimbo tangu asubuhi, na vumbi lake likatua kwenye masufuria, kwenye nguo zilizoanikwa, hata kwenye kope za watoto. Nilikuwa na miaka kumi na mmoja, niko darasa la tano, na msimu ule wa kupura ndio ninaoukumbuka kuliko misimu mingine yote ya utoto wangu. Ningeweza kuusahau ningefurahi.

Baba yetu alifariki nikiwa mdogo. Nyumbani tulibaki watano: Mama, mimi Renata, dada yangu Spesioza aliyekuwa kidato cha tatu shule ya bweni Mpanda mjini, kaka yetu Onesmo mwenye miaka kumi na tisa, na mama yake baba, ambaye tulimwita Nyogokuru kama Warundi wanavyomwita bibi. Yeye ndiye aliyevuka kutoka Burundi kwa miguu zamani, baba yangu akiwa mgongoni. Onesmo alikuwa na kifafa tangu akiwa na miaka saba. Aliacha shule darasa la nne, walimu walipochoka kumwokota sakafuni. Lakini kituo cha afya walikuwa wanampa vidonge, kila siku kimoja asubuhi na kimoja jioni, na kwa vidonge vile alikaa miaka miwili bila kuanguka. Alilima, alipanda baiskeli na magunia ya mihogo nyuma, alicheka kwa sauti kubwa. Ukimwona usingedhani ni mgonjwa.

Miaka ile kijiji chetu kizima cha wakimbizi kilikuwa kinaishi kama mtu aliyekaa nusu kiti. Maneno yalikuwa yanakwenda na kurudi kwamba tutakuwa raia, kwamba tutahamishwa, kwamba anayepanda mti wa matunda leo atauachia mwingine. Vijana waliona hakuna cha kushika. Ndipo akaja mtu mmoja kutoka mbali akaanzisha kikundi cha maombi, akawaambia vijana kwamba wao ni askari, kwamba vita ni ya Mungu na adui yuko katika miili yao wenyewe. Walifunga chakula, wakatembea kwa mistari, wakaimba huku wanapiga miguu chini. Onesmo, ambaye hakuna aliyewahi kumwita askari wa kitu chochote, alijiunga wiki ya kwanza. Wiki ya tatu alivitoa vidonge vyake mbele ya watu wote akavikanyaga. Yule kiongozi alikuwa amemwambia kwamba dawa ni kutu kwenye ngao.

Mama alilia, akamsihi, akamtishia kumfukuza nyumbani. Onesmo alimsikiliza kwa upole kisha akasema, "Mama, nimeshapona. Nyie ndio hamjaamini." Siku chache baadaye alianguka karibu na mafiga. Mkono wake wa kushoto uliungua mpaka kwenye kiwiko. Alipozinduka na kuuona, alisema adui amepiga kwa mara ya mwisho kwa sababu anajua anashindwa.

Hali ikiwa hivyo, Spesioza alirudi likizo na kitabu. Kilikuwa kinene kama tofali, hakina jalada, cha Kiingereza, alichopewa na mwalimu wake aliyehamishwa. Kilikuwa hadithi ya kubuni, ya nchi isiyokuwepo popote, ambako mfalme mmoja aliota ndoto akakusanya jeshi takatifu kwenda kuukomboa mlima wa Mungu wao. Kulikuwa na makuhani waliovaa mifupa, na mizimu iliyotembea nyuma ya jeshi ikila maiti, na mvua nyeusi. Katikati ya hayo yote kulikuwa na kijana mfua chuma aliyemwacha mama yake na kulifuata jeshi. Kila alasiri, tukiwa tumekaa kwenye kivuli cha ghala la mahindi tukichambua maharage, Spesioza alikifungua kitabu na kututafsiria ukurasa kwa ukurasa, Kiswahili kikimwishia anaingiza Kirundi. Alianza mara tu alipouona mkono wa Onesmo. Hakusema kwa nini, lakini hata mimi nilielewa kwamba alikuwa anamsomea mtu mmoja.

Sijawahi kusikia tena watu wakikijadili kitabu vile. Jirani yetu Mzee Nestori, aliyekuwa anafundisha watoto dini, alisema siku ya kwanza kwamba kitabu kinamtukana Mungu, na kesho yake akaja mapema na kigoda chake. Maoni yake yalikuwa kwamba mfalme yule hakuota chochote, alitaka tu ardhi. Mama hakujali mfalme wala mlima. Kila kijiji kilipochomwa alitaka kujua wanawake wa pale walikwenda wapi, na Spesioza aliposema kitabu hakisemi, Mama alisonya. "Basi aliyeandika hakumaliza kazi yake," alisema. Nyogokuru alisikiliza huku akichambua. Siku moja, jeshi lilipoingia mji fulani na watu wakawa wanakimbia huku wanaagana kwa maneno marefu mazuri, aliacha kuchambua akauliza, "Huyu mtu aliwahi kukimbia?"

Spesioza akajibu kwamba hajui.

"Hajawahi. Unapokimbia huongei. Mimi nilimbeba baba yenu siku tatu na sikumwambia hata neno moja."

Onesmo peke yake alilipenda jeshi. Alikaa mbali kidogo, mkono wake umefungwa kitambaa kilichonuka, akaitikia kwa kichwa kila makuhani walipohubiri. Sisi tulipomhurumia mfua chuma, yeye alimwonea wivu. Alisema waliouawa njiani walikuwa na mashaka mioyoni, kwamba anayeamini hafi kabla ya mlima. Spesioza alibishana naye mara moja, sauti ikampanda, naye Onesmo akasimama akaondoka. Tangu siku ile dada yangu alisoma tu. Nilimwona anasoma polepole zaidi kila siku, anasimama kunywa maji, anarudia kurasa. Nilidhani amechoka.

Shule ilipofungua kitabu kilikuwa hakijaisha. Mfua chuma alikuwa amechomwa mkuki pajani, na makuhani walikuwa wamekataza majeruhi kufungwa vidonda, wakisema kidonda cha vita ya Mungu hujifunga chenyewe. Hapo ndipo Spesioza aliposimama. Asubuhi alipanda pikipiki kwenda kulisubiri basi la Mpanda, akaniachia kitabu nikitunze. Alinikumbatia kwa nguvu mno. "Mwangalie kaka," aliniambia, kana kwamba mimi ningeweza.

Jioni ya siku ile Onesmo alianguka mara mbili. Kesho yake alasiri alikuja nilipokaa, midomo imepasuka, akaniuliza, "Renata, na wewe unasoma Kiingereza shuleni. Nisomee. Nataka kujua kama kidonda kilifunga."

Kiingereza changu kilikuwa cha kutaja rangi na siku za wiki. Nilikifungua kitabu pale Spesioza alipokunja ukurasa, nikaona mistari imejipanga kama siafu, sijui hata neno moja kwa kumi. Nikaanza kusoma. Nilisema kwamba kidonda cha mfua chuma kilioza. Nilisema mama yake alitembea safari nzima akafika kambini na majani ya dawa kwenye pindo la kanga, na mwanawe akayakataa. Nilisema usiku ule Mungu wa mlima alikuja mwenyewe, si kwa moto, amevaa kama mchunga mbuzi, akaketi kando ya kijana akamuuliza nani alikuambia mimi nataka mguu wako. Kijana akasema makuhani. Mungu akasema, mimi nilimtuma mama yako. Maneno yalikuja yenyewe.

Onesmo akasema, "Imeandikwa hivyo?"

"Imeandikwa."

"Nionyeshe."

Nikaweka kidole juu ya mstari mmoja. Aliuinamia akautazama muda mrefu, yeye aliyejua kusoma Kiswahili cha darasa la nne tu, kama mtu anayetazama ndani ya kisima. Asubuhi yake alimwambia Mama waende kituo cha afya. Mama aliliacha jembe palepale shambani.

Alimeza vidonge siku tisa. Aliosha mkono kwa maji ya chumvi, akaanza kula, na siku ya sita nikamsikia anacheka na Mzee Nestori barabarani. Mama alipika wali katikati ya juma. Mimi sikulala vizuri hata siku moja. Kila alasiri Onesmo aliomba nimsomee tena, na kila alasiri nilizidi kutunga, naogopa nisije nikasahau niliyosema jana.

Siku ya kumi walikuja vijana watatu wa kile kikundi kumtembelea ndugu yao aliyepotea. Walikaa kwa adabu, wakamwamkia Nyogokuru, wakapewa maji. Onesmo akawaeleza habari za mfua chuma kwa furaha, mkono wake ukipaa hewani, akafika kwenye mchunga mbuzi. Mmoja wao alikuwa amemaliza kidato cha nne. Akakiomba kitabu. Mimi nilikuwa nimesimama mlangoni na nikashindwa kwenda wala kurudi. Alisoma ukurasa ule, akageuza, akasoma unaofuata, kisha akamtafsiria. Ulikuwa unazungumzia farasi, majani yao, na idadi ya mikokoteni. Mbele kidogo, alisema, kijana anapona. Bila dawa. Kidonda kinajifunga asubuhi mbele ya jeshi zima.

Onesmo hakunipiga wala kunifokea. Alinitazama tu, macho yamejaa maji, akasema, "Mdogo wangu, hata wewe?" Kisha akaondoka nao.

Alirudi nyumbani usiku, lakini vidonge hakuvigusa tena. Siku nne baadaye alikwenda kutoa mihogo tuliyoiloweka kwenye dimbwi la bondeni. Ilikuwa kama saa tano asubuhi. Alipochelewa Mama alinituma nimwite. Maji ya dimbwi lile yalifika kwenye vifundo vya miguu. Alikuwa amelala kifudifudi, nguo yake ya mgongoni imekauka kwa jua, na mihogo michache imeelea karibu na kichwa chake. Nilimgeuza. Sijui nilipata wapi nguvu. Nilimwita, nikamfuta tope puani, nikamwambia kitabu nitamsomea vizuri, nitajifunza Kiingereza chote. Mama alisikia sauti yangu kutoka juu akaanza kukimbia kabla hajajua ni nini.

Kikundi kilikuja msibani kikiwa kimejipanga kwa mstari, kikaimba kwamba askari amefika mlimani. Nyogokuru aliinuka kwa fimbo yake, akasimama mbele yao mpaka wakanyamaza mmoja mmoja. Alirudi akakaa kando ya Mama.

Spesioza alifika siku ya mazishi jioni. Nilimwambia yote nyuma ya nyumba, nikitarajia anipige, na nilitaka anipige. Alikaa chini kwenye vumbi. Alisema alikuwa amekimaliza kitabu zamani, bwenini. Alijua kwamba mfua chuma anapona. Alidhani vifo vya mwanzo vingemtisha Onesmo kabla hawajafika pale, na alipoona havimtishi akaanza kuvuta siku, hajui afanye nini na ukurasa ule. "Mimi nilikuwa nimepanga kuuruka," alisema. "Sikuwaza kuuandika upya." Tulilia pamoja, lakini nadhani kila mmoja alikuwa analia kwa kosa lake.

Sasa mimi ni muuguzi, Mpanda. Mama ana karatasi zake za uraia ndani ya mfuko wa nailoni, amepanda miparachichi na ameyala matunda yake, na barabara ya Mishamo imejaa pikipiki za vijana ambao hawajui ile hofu ya kukaa nusu kiti. Kitabu nilikisoma chote mwaka jana. Kwenye simu kuna kundi la wasomaji wanaokijadili, watu wa miji mikubwa, na wengi wanasema sehemu ya kidonda kujifunga ndiyo nzuri kuliko zote, kwamba katika giza lote lile mwandishi ametupa mwanga. Mmoja aliandika kwamba alilia kwa furaha. Niliandika maoni yangu mara tatu nikayafuta. Ni ukurasa mzuri kweli, hilo siwezi kulikana. Mwandishi hakumjua Onesmo.

Utotoni niliamini kwamba mtu akiambiwa maneno yanayofaa ataishi, na kwamba kazi ni kuyapata tu hayo maneno. Leo siamini hivyo, na kuna siku naikosa sana ile imani. Wiki iliyopita mama mmoja kutoka Mwamkulu alimleta mwanawe, kijana wa miaka ishirini, miezi mitatu hajagusa dawa zake za kifafa kwa sababu ameombewa. Nilimweleza kijana ukweli, wote, bila mchunga mbuzi. Alitabasamu akaniambia, "Sista, Mungu ni mkubwa kuliko wewe." Nikamwambia ndiyo, ni mkubwa. Alizitia dawa mfukoni kwa heshima ya mama yake tu, hilo lilionekana wazi, na mama akanitazama kwa macho ambayo nayafahamu. Nilimwomba anielekeze nyumba yao, akaniambia ni ya pili ukishapita mashine ya kukoboa mpunga. Jumatano sipo zamu. Nitachukua bodaboda asubuhi, niende nikakae nao, nimwone anameza, na Alhamisi nikitoka kazini nitakwenda tena.