Mjapani Aliyekufa Kila Ijumaa

Sisi tuliokulia Ibra, huku Uarabuni, wakati wa kaseti za video tulikuwa na maiti wetu. Ijumaa baada ya chakula, matumbo yamejaa wali wa nazi, tunajazana kwenye zulia na kaka yangu Nassor anatia kaseti: majambazi wa Kijapani, suti, visu, mvua isiyokatika. Humo mlikuwa na jamaa mmoja mwenye kovu shavuni. Hakuwa stelingi wala adui mkubwa. Kazi yake kufa. Leo kachomwa kisu, Ijumaa ya pili yuko hai, kabadilisha suti tu. Tukimwita Marehemu.

Bibi, mama yake baba, hakuwa na haja na filamu. Alikaa jikoni. Mwanawe mkubwa, ami Salum, alitoka nyumbani asubuhi moja kule Unguja siku za mapinduzi, kabla wazee hawajahamia Ibra, hakuonekana tena. Miaka yote Bibi alikataa asisomewe hitima. "Sijaona maiti," akisema. "Hitima ya nini?"

Ijumaa moja Marehemu alikatwa panga. Akaanguka matopeni, akafumbua mdomo, akanong'ona neno. Sauti tulikuwa tumeipunguza hata sisi hatusikii, maana baba kalala. Jikoni, Bibi akaitika:

"Labeka!"

Akaja, mikono imejaa unga. "Nani kaniita?"

"Hapana mtu, Bibi."

"Salum kaniita."

 Nassor alikuwa akiyatazama maandishi ya Kiarabu chini ya picha, na mimi nikayasoma: *Ewe mama.*

Bibi akakaa chini, mbele kabisa. "Rudisha." Nassor akarudisha. Akamtazama yule mtu akifa, vidole vikichimba matope, kisha akanyoosha mkono akamfumba macho. Unga ukabaki kwenye kioo.

"Basi," akasema. "Nimemuona."

Baba alipoamka, Bibi alimwambia, "Mwite mwalimu. Tumsomee nduguyo." Ndiyo mara ya kwanza kumuona baba analia.

Ijumaa iliyofuata, katikati ya filamu mpya, Bibi akaingia na birika la kahawa. Marehemu huyo, mzima, anavuta sigara. Tukamgeukia Bibi. Bibi akamtazama kidogo.

"Huyu siye," akasema, akatumiminia kahawa.

Juzi mwanangu alimtafuta mchezaji yule kwenye simu. Kumbe alicheza miaka mingi, mara nyingi bila hata kupewa jina, akafa mzee kitandani mwake. Nikamhadithia mambo ya Bibi. Akanisikiliza kwa sikio moja, la pili limezibwa kwa kisikizio cha simu. "Khalas, baba, ilikuwa sadfa tu," akasema, akaenda zake. Filamu zao watu wanakufa kwa makundi, na wao wanaruka mbele kwa kidole. Hawaogopi kitu, mashaallah.

Zulia langu la leo ni kubwa kuliko lile, na halina mtu. Kila mmoja yuko chumbani kwake, mlango umefungwa. Jioni nasimama kwenye ukumbi nawaita kwa majina waje kula, na hapana hata mmoja anayeitika labeka.