Nguzo Zilizoegemea Nje

Kwa nini mtu aungame kosa ambalo si lake? Swali hilo lilinikaa kooni nikiwa na miaka kumi, na mimi sikuwa mtoto wa kukaa na swali kooni. Hata sasa nikipita Buxton penye ujenzi, nikanusa zege bichi, ile harufu ya mvua na vumbi la chokaa, narudi moja kwa moja uani kwa Bibi, mtaani Kuze.

Bibi alikuwa ametoka kupasuliwa mtoto wa jicho, na daktari amemkataza jua. Tatizo ni kwamba maisha yake yote yalikuwa pale uani: jiko la makaa, kiti chake cha kamba, majirani walioingia kwa mlango wa nyuma hodi ikiwa bado mdomoni. Baba akaamua ahamie kwetu ghorofani, Ganjoni.

"Huko nitaamkiana na nani?" Bibi akauliza. "Na ngazi?"

Wakapatana: uani pakipata kivuli kufikia Ijumaa, anabaki. Pasipopata, anahama.

Fundi Chengo akaja na turubai jeupe la pembe nne na mabomba manne ya chuma. Kuta za nyumba ile ni za mawe ya zamani. Ukipigilia kulabu ya kufungia kamba, plasta inakumwagikia kichwani. Kwa hiyo akachimba mashimo manne, akasimamisha nguzo, akamimina zege.

Shuleni nilikuwa nimejifunza kutengeneza timazi ya kupimia wima kwa uzi na kijiwe. Nikaja na yangu, nikapima. Nguzo zote zilikuwa zimelala nje, kila moja imeelekea kwake kama jamaa waliogombana.

"Fundi, nguzo zako zimelewa," nikamwambia.

Akacheka. "Hazijalewa, injinia. Zaegemea nje makusudi. Turubai likivuta, ndipo utaona. Una swali jengine?"

Nilikuwa nayo kumi. Jibu la "utaona" sijawahi kulipenda; hata chuo kikuu lilinigombanisha na wahadhiri. Alipokwenda zake jioni, zege limefunikwa kwa magunia yaliyoloweshwa, nikaiendea nguzo iliyokuwa karibu na jiko. Nikaondoa ubao ulioishikilia, nikaisukuma mpaka ikawa sambamba na uzi wangu, nikashindilia zege kwa kiganja, nikarudisha ubao na gunia. Nililala nikijiona nimemwokoa Bibi.

Alhamisi Fundi akafunga turubai, Baba akiwapo. Kamba zilipokazwa, nguzo tatu zilivutwa kidogo, zikasimama wima, imara. Ya nne, ile yangu, ikainamia ndani. Zege likapasuka, na pembe nzima ya turubai ikamshukia Baba kichwani.

"Mama," akasema kutoka humo ndani, "panga nguo."

Jicho moja likiwa limefungwa bandeji, Bibi alichukua kanga iliyokuwa mapajani mwake, akaanza kuikunja. Polepole, ncha kwa ncha. Mimi, niliyekuwa na neno kwa kila mtu, nikaficha viganja vyangu nyuma ya mgongo.

Fundi Chengo alikuwa amepiga magoti. Akafunua gunia, akachungulia, akalirudisha.

"Kosa ni langu, bwana," akamwambia Baba, aliyekuwa bado anahangaika kujitoa. "Nilizidisha maji kwenye zege. Nipe siku nne nyingine."

Baba akamtazama mamake na ile kanga. Akakubali.

Nguzo mpya iliegemeshwa nje kama zilivyokuwa zile tatu, na Bibi hakuhama. Chini ya turubai lile nilisomea mitihani yangu yote, nikimchosha kwa maswali huku akikaanga viazi karai. Alinijibu, na alipokuwa hajui alisema hajui. Nashukuru kwa kila alasiri ya hapo. Fundi nilimshukuru pia, kimoyomoyo, ingawa kwa dharau kidogo: nilijijibu kwamba alijilaumu kwa sababu hakugundua kitu.

Mwaka huu tulipobadilisha turubai, hatimaye nikamwungamia Bibi. Alicheka mpaka akashika ubavu.

"Mwanangu, alama ya kiganja chako ilikuwa pale pale juu ya zege, na vidole vyote vitano. Jicho langu moja lilifungwa. La pili lilikuwa zima. Fundi aliiona, akanitazama mimi nikikunja kanga, ndipo akarudisha gunia."