Nyota Niliyoitupia Magunzi

Juzi tulimzika nyanya yangu huko Kiminini. Jioni watu walipotawanyika nikabaki uani peke yangu na viti vya kukodi. Ndipo nikaiona: chini kabisa upande wa mashariki, nyota ya rangi ya chungwa, imetulia palepale. Lo! Wewe uliyelelewa na nyanya utanielewa. Machozi ambayo hayakunijia makaburini yalinijia hapo.

Nilipelekwa kwake nikiwa na miaka saba, Januari ikielekea mwisho. Mama alikuwa amepata kazi ya upishi katika hoteli moja mjini Bungoma, na chumba alichopewa hakikutosha hata godoro la pili. Hakukuwa na mtoto mwingine pale nyumbani. Nikitoka shule nilichota maji, nikafungia kuku, kisha tukakaa jikoni kupukuchua mahindi, yeye na mimi, hadi vidole gumba vikawaka moto. Mahindi guniani, magunzi mekoni. Harufu ya moshi wa magunzi hainitoki mpaka leo.

Kila jioni nilimuuliza swali lilelile: mama anakuja lini? Kukhu, ndivyo tunavyomwita nyanya kwetu, hakuwa mtu wa kalenda. Adhana ya magharibi ilipolia kule madukani alinishika bega akanitoa nje. "Ukihesabu siku utachoka bure," akasema. "Si unaona ile nyekundu-nyekundu? Hiyo inatembea polepole. Siku itakaposhuka kabisa upande wa Bungoma, usiione tena, mamako atakuja."

Basi nikawa adui wa nyota. Wenzangu waliombea Pasaka ifike, mimi naombea nyota izame. Nayo, jamani, Februari ikapanda, Machi ikazidi kupanda! Niliitupia magunzi huku nikiitukana. Kukhu alicheka akashika mbavu. "Tupa tu. Hata ukiitukana haiwezi kukimbia."

Aprili mvua zikaanza, na jioni tatu mfululizo sikuiona. Nikajua imekwisha. Nikafunga nguo zangu kwenye leso, nikakaa langoni, chakula nikakataa. Giza likaingia. Kukhu akaja na kikombe cha chai na gunia la kunifunika, akaketi kando yangu palepale kwenye matope. "Ni mawingu, mtoto wangu. Bado haijazama." Nililia sana. Hakuniambia ninyamaze, alikaa tu.

Mama alikuja kweli, Agosti, wakati nyota ilikuwa imeshapotea. Nilifurahi hata nikasahau kumuaga Kukhu sawasawa. Nakumbuka tu akinipungia mkono langoni, na mimi nageuka kumuonyesha mama jino langu lililong'oka.

Baadaye, nikiwa sekondari Kimilili, mwalimu wa sayansi alitueleza kwamba nyota za rangi ile ni majitu, makubwa kuliko jua letu mara nyingi, na kwamba zimevimba kwa uzee. Nilisema hiyo lazima nimpelekee Kukhu, atacheka. Sikumpelekea. Nikapata kazi Bungoma, nikaoa, na Kiminini si mbali, asikudanganye mtu. Kila akipiga simu namwambia, "Nikipata nafasi, Kukhu." Naye anajibu, "Haya, hakuna shida." Nafasi yenyewe nilikuwa nayo.

Sasa juzi, nikiwa bado nimeikodolea macho, jirani yetu, mama mwenye duka karibu na msikiti, akaja kuchukua sufuria alizotuazima. Akaangalia nilikoangalia. "Aa, hiyo nyota yako."

"Yangu kivipi, mama?"

"Si uliletwa hapa ikitokea? Marehemu kila Januari alikuwa anashuka dukani jioni kuniambia, imerudi ile, sasa mtoto wangu yuko njiani. Ananunua majani ya chai na sukari, anaenda kufagia kile chumba chako."

"Kila Januari?"

"Kila Januari, mwanangu. Tulikuwa tunamtania hapo dukani, ati nyota yako inadanganya. Anacheka tu. Mwaka unaofuata anakuja tena."

Miaka hiyo yote nilidhani aliyekuwa akingoja pale nyumbani ni mimi peke yangu.

Jirani akajitwika sufuria zake. "Lakini ona, mwaka huu umekuja," akasema, na hakuwa na nia mbaya hata kidogo.

Nimekuja, ndiyo. Hakuna wa kuniambia karibu.