Kila Msichana Aliitwa Anna

Mboga ya mlenda ikichemka na karanga ina harufu nzito, na hadi leo nikiisikia hugeuka kutazama. Ndiyo iliyokuwa ikijaa uani kwetu Ihumwa msimu ule wa mvua, Anna alipopika chakula cha kwao Mvumi. Anna alikuwa msichana wetu wa kazi, na hilo halikuwa jina lake. Msichana wetu wa kwanza ndiye aliyeitwa Anna. Waliomfuata wote walirithi jina pamoja na godoro, kwa kuwa mama hakuwa na subira ya kujifunza jingine. Mama hakuwa mkatili, alimshonea nguo ya Krismasi sawa na yangu. Alimwita tu alivyozoea, na mtaa mzima ukafuata. Mimi niliyelala naye ndiye pekee niliyeambiwa kwamba kwao anaitwa Nyemo, yaani furaha.

Somo na msimamizi wa jumuiya yetu ya kanisani alikuwa Mtakatifu Bakhita, na Februari ile sikukuu yake ilifanyika nyumbani kwetu. Katekista alitusimulia maisha yake: alivyotekwa kwao Sudani akiwa mtoto, akauzwa na kuuzwa tena, akachanjwa mwili na kupakwa chumvi kwenye majeraha, mpaka akapata uhuru na kuwa mtawa huko Italia. Akasema hofu ilimsahaulisha jina alilopewa na wazazi, na hili la Bakhita, maana yake mwenye bahati, alipewa na waliomteka. Wakubwa wakatikisa vichwa. Nyemo alikuwa amesimama mlangoni na sinia la vikombe.

"Samahani, mwalimu," aliuliza. "Sasa mama yake alimtafuta kwa jina gani?"

Katekista alimgeukia. "Hilo hatuambiwi, binti yangu."

Mama akamwambia Anna chai inapoa.

Haukupita muda, mama yake Nyemo akafika Ihumwa. Mumewe alikuwa mahututi, anamtaka mwanawe. Mimi nilikuwa shuleni, Nyemo kaenda mashine kusaga. Yule mama alipita mlango kwa mlango kwa Kiswahili chake cha kukwamakwama, na kila mtu alimjibu kwa heshima kwamba hapa hakuna Nyemo. Mama yangu alimpa maji ya kunywa. "Pole mama, wa kwangu anaitwa Anna," alimwambia, akamsindikiza hadi barabarani. Mjomba wa Nyemo aliyemleta kwetu, aliyeijua nyumba, alikuja baada ya mazishi ya baba, ndipo tukajua yule mama alikuwa nani. Mama alilia sana. Siku hiyo ndipo alipomwita Nyemo kwa mara ya kwanza, naye akaitika, "Abee, mama," kama kawaida, akafunga nguo zake, akaondoka. Moyo wangu haujapona.

Leo treni ya umeme inapita Ihumwa na mji umetufuata hadi mlangoni. Binti anayenisaidia kazi namwita jina lake, na kwao nimefika. Mwaka jana nilikwenda Mvumi kumtafuta Nyemo. Wanawake wa sokoni walinisikiliza kwa upole.

"Akina Nyemo wako wengi hapa," mmoja akasema. "Huyo wako ni binti wa nani?"

Yule baba alikufa akimwita mwanawe, na nyumbani kwetu hakuna aliyewahi kuuliza baba mwenyewe anaitwa nani.