Jaji wa Kesi ya Mbuzi

Kwa fundi cherehani wangu, hapa Masuguru, redio ilikuwa ikieleza alikotokea jaji mpya wa Mahakama ya Rufani: alianza kama hakimu wa mahakama ya mwanzo huku Handeni. Mama aliyekuwa akipimwa gauni akashusha mikono.

"Huyo ndiye aliyenitia hatiani kwa kesi ya mbuzi wangu kula mahindi ya jirani, kule Sindeni."

"Pole, mama," nikasema.

"Pole ya nini? Kazi kajifunzia kwangu." Akacheka mpaka futi ikamponyoka fundi. Mara akakunja uso. "Ila niliapa nitakata rufaa mpaka mahakama ya juu kabisa."

"Nenda tu," fundi akasema. "Utamkuta."

Tulicheka wote. Mama alikawia kupanda ngazi za mahakama, hakimu wake akatangulia.